Sura ya Tano: Ushahidi Uliosimama Nyuma

Februari 2020, video fupi ilianza kuzagaa katika mitandao ya kijamii ya China. Ndani yake kundi la watoto wa Kiafrika limejipanga mbele ya kamera, nyuso zimechangamka, na mbele yao upo ubao mweusi wenye maandishi ya Kichina. Mtu mzima asiyeonekana anawatamkisha, nao wanamfuatisha kwa pamoja maneno wasiyoyaelewa: wao ni majitu meusi, na akili zao ni ndogo. Watoto wanacheka kwa furaha. Waliokuwa upande wa pili wa kioo cha simu walicheka pia, ila kwa sababu nyingine.

Video haikutaja nchi, kijiji wala jina la aliyeirekodi. Kwa mtazamaji wa Beijing au wa Nairobi, watoto wale wangeweza kuwa wa popote kusini mwa Sahara. Watu walilaani, wakasambaziana, wakakasirika upya, lakini hasira haina anwani ya kupelekea malalamiko. Aliyepiga alikuwa amejificha mahali pazuri kuliko pote, yaani nyuma ya kamera yake mwenyewe.

Runako Celina, mwandishi wa BBC Africa Eye aliyewahi kusoma na kuishi China, aliianza kazi kwa swali moja: hapa ni wapi? Biashara yenyewe aliifahamu. Kwa miaka kadhaa zilikuwa zikiuzwa mtandaoni China video za salamu za aina hiyo: mteja anaagiza pongezi za siku ya kuzaliwa au tangazo la duka, ujumbe unaandikwa ubaoni, watoto wa Kiafrika wanautamka wakicheza na kuruka. Video moja iliweza kuuzwa hadi dola 70 hivi. Watoto, kama ilivyokuja kubainika, walikuwa wakiambulia kama nusu dola kwa siku.

Jibu la swali lake halikuwa kwenye nyuso za watoto, wala kwenye ubao. Lilikuwa nyuma yao.

Mtu anayerekodi huchagua cha kuweka mbele. Hupanga watoto, huwavisha sare, hunyoosha ubao. Cha nyuma hakichagui, kinaingia chenyewe. Mti, pembe ya paa la bati, njia ya miguu, ukuta wenye ufa, yote hayo huingia kwenye picha bila kualikwa, na hakuna anayekumbuka kuyaficha kwa sababu hakuna anayeyatazama. Timu ya Celina ilikusanya mamia ya video zilizoonekana kutoka kwa mtengenezaji yuleyule, ikazipanga pamoja. Video moja ni dirisha dogo, lakini zikiwa nyingi, nyumba iliyokatwa nusu katika moja inaonekana nzima katika nyingine, na uwanja uliotazamwa kutoka upande huu unatazamwa kutoka upande ule. Taratibu mahali pakaanza kuwa na ramani, na ramani hiyo ikalinganishwa na picha za satelaiti. Mwisho wa safari ya macho ulikuwa Njewa, kijiji kilicho pembezoni mwa Lilongwe, mji mkuu wa Malawi.

Hapo kompyuta ikafika mwisho wa uwezo wake. Satelaiti huonyesha paa, haimwonyeshi aliye chini ya paa. Kazi ikashikwa na Henry Mhango, mwandishi wa Malawi, aliyeweza kuingia kijijini, kuongea na wenyeji kwa lugha yao na kukaa na wazazi ambao hadi wakati huo hawakujua wanao walikuwa wamesemeshwa nini. Mpiga picha, kijijini wanamfahamu: Mchina aliyeitwa Susu. Jina lake halisi ni Lu Ke.

Filamu ya uchunguzi huo, Racism for Sale, ilitoka Juni 2022. Lu Ke alikana kutengeneza video za kudhalilisha na kusema kazi yake ilikuwa kueneza utamaduni wa Kichina. Lakini hakubaki kuisubiri serikali. Siku chache baadaye alikamatwa Chipata, upande wa pili wa mpaka, nchini Zambia, na Julai akarudishwa Malawi kujibu mashtaka, yakiwemo ya usafirishaji haramu wa watoto. Malawi ilikuwa na sheria maalumu dhidi ya kosa hilo tangu 2015. Mwaka 2023 alitiwa hatiani, watoto wakapewa fidia, naye akafukuzwa nchini.

Katika sinema, mambo huenda haraka zaidi. Mwaka 1966 Michelangelo Antonioni alitoa Blow-Up, filamu ya mpiga picha wa London anayepiga wapenzi wawili bustanini, kisha anapozisafisha picha anaona kitu kwenye kichaka. Anakuza, anakuza tena, mpaka mkono wenye bastola unaanza kujitokeza katikati ya chembe nyeusi na nyeupe. Tangu hapo tamthilia za uhalifu hazijachoka na mbinu hiyo. Mpelelezi husimama nyuma ya fundi wa kompyuta, anamwambia avute karibu, avute tena, na namba ya gari iliyokuwa ukungu inasomeka kama bango la barabarani.

Wanaofanya kazi hii kweli hujua kwamba kukuza hakuongezi kitu. Picha ya dijitali ni vijisanduku vya rangi. Ukiivuta, vijisanduku vinakuwa vikubwa, havizai habari mpya. Na Antonioni mwenyewe alilijua hilo kuliko waliomwiga, kwani katika filamu yake kadiri picha inavyokuzwa ndivyo inavyozidi kuwa madoa, na mwisho mpiga picha anabaki hana cha kumwonyesha mtu. Kinachozaa habari ni kulinganisha: picha na picha, picha na ramani, picha na kumbukumbu ya mtu aliyewahi kupita hapo.

Mfano uliofundisha dunia nzima ulitokea Cameroon. Julai 2018 ilisambaa video ya wanajeshi wakiwapeleka wanawake wawili na watoto wawili kwenye njia ya vumbi, kuwafunga macho na kuwapiga risasi. Serikali ilisema ni habari ya uongo, na kwamba wanaume wale hawakuwa wanajeshi wake. Africa Eye, wakishirikiana na wachunguzi wa kujitegemea, waliacha kwanza kuwatazama wanajeshi wakatazama upeo wa macho. Sekunde za mwanzo za video zilionyesha safu ya milima. Dokezo kutoka kwa Mkameruni mmoja liliwaelekeza kaskazini kabisa mwa nchi, karibu na mpaka wa Nigeria, na huko, jirani na mji wa Zelevet, mgongo wa milima ukalingana na ule wa kwenye video, kilele kwa kilele.

Mahali palipopatikana, ikabaki tarehe. Mwaka ulitokana na majengo: picha za satelaiti za miaka tofauti zilionyesha ni lini nyumba fulani ilikuwepo na lini haikuwepo. Siku zilitokana na vivuli. Urefu wa kivuli hutegemea jua limepanda kiasi gani, na upande kinakoelekea hutegemea jua liko wapi angani. Ukishajua mahali, mwanajeshi anayetembea anakuwa mshale wa saa ya jua. Hesabu ilitoa kipindi cha kati ya Machi 20 na Aprili 5, 2015. Uchunguzi huo, uliopewa jina Anatomy of a Killing, ulitangazwa Septemba 2018. Miaka miwili baadaye mahakama ya kijeshi iliwafunga wanajeshi wanne miaka 10 kila mmoja, mmoja akapata miwili, na wawili wakaachiwa.

Katika simulizi la Zelevet watu hukumbuka vivuli na satelaiti na kulisahau lile dokezo. Bila mtu aliyehisi kuwa milima ile ni ya upande ule, kompyuta ingekuwa na bara zima la kutafuta. Mwenyeji alitangulia, mashine ikafuata. Njewa ilikuwa kinyume, mashine ikatangulia na mwenyeji akafuata. Lakini hakuna mahali ambapo mmoja alimaliza kazi bila mwenzake.

Si mbali na Njewa wapo watu wanaoguswa na haya yote. Kutoka Lilongwe, kilomita 45 hivi kuelekea kaskazini, katika wilaya ya Dowa, ipo Dzaleka. Leo ni kambi ya wakimbizi iliyopangiwa watu wasiozidi 12,000 na ambayo imefika kubeba zaidi ya 50,000. Wengi ni Wakongo, kisha Warundi na Wanyarwanda, na Kiswahili kinatembea sokoni, kanisani na kwenye foleni ya maji pamoja na Kifaransa, Kirundi, Kinyarwanda na Kichewa. Nje ya Malawi kambi inajulikana zaidi kwa tamasha la Tumaini, lililoanzishwa 2014 na mshairi wa Kikongo Trésor Nzengu Mpauni, anayefahamika kwa jina la Menes la Plume. Kabla ya 1994, hata hivyo, Dzaleka ilikuwa gereza, na miongoni mwa waliofungwa humo walikuwa wapinzani wa Rais Hastings Kamuzu Banda.

Malawi ya wakati huo ni somo la nini hutokea pale ambapo raia hawana cha kutazama. Mei 1983, mawaziri watatu, Dick Matenje, Aaron Gadama na Twaibu Sangala, pamoja na mbunge David Chiwanga, walikufa wilayani Mwanza, karibu na mpaka wa Msumbiji. Nchi iliambiwa ni ajali ya gari. Familia zilipokea majeneza na amri ya kutoyafungua. Minong'ono ilikuwepo tangu siku ya kwanza, lakini mnong'ono haukuwa na pa kushikilia. Ukweli ulisubiri mpaka Banda aliposhindwa uchaguzi wa 1994 na Rais mpya, Bakili Muluzi, akaunda tume chini ya Jaji Michael Mtegha. Tume ilihitimisha kwamba wanne hao waliuawa na polisi, kisha gari likasukumwa ili ionekane ajali. Ushahidi ulikuwa midomo ya watu, wakiwemo polisi wenyewe. Banda na msaidizi wake wa karibu, John Tembo, walishtakiwa, na Desemba 1995 mahakama ikawaachia huru.

Mwaka uleule wa 1994 Malawi ilipoanza kufukua siri za Mwanza, Dzaleka ilifungua milango kwa wakimbizi, na miongoni mwa waliokuja ni watu waliokimbia Rwanda. Mauaji ya kimbari ya Watutsi yalichukua siku 100 hivi, na ingawa waandishi wa kigeni walikuwepo Kigali siku za mwanzo, ni mara chache mno kamera ilinasa tendo lenyewe la kuua. Mojawapo ilikuwa ya Nick Hughes, mpiga picha Mwingereza. Aprili 1994 alikuwa juu ya shule ya Kifaransa jijini Kigali, akaelekeza lenzi yake upande wa pili wa bonde, Gikondo. Barabarani wanawake wawili walikuwa wamepiga magoti kati ya maiti, mmoja ameinua mikono akisihi. Watu walipita. Baadaye wauaji walirudi.

Dakika hizo chache zilizunguka dunia kwa miaka, zikaonyeshwa hadi katika mahakama ya kimataifa ya Arusha, na katika muda wote huo waliokuwa wakiuawa hawakuwa na majina. Kwa mtazamaji wa London walikuwa wanawake wa Rwanda, basi. Katika filamu Iseta: Behind the Roadblock ya mwaka 2008, Hughes anarudi Gikondo na picha zake kuwaonyesha waliokuwa wakiishi pale. Majirani walitazama, wakatambua nguo, mwendo, kona ya barabara. Walitaja waliokufa. Walitaja pia walioua. Lenzi ilikuwa imehifadhi tukio kwa zaidi ya muongo mmoja, lakini majina yaliishi vichwani mwa watu wa mtaa ule peke yao.

Wawindaji wa watuhumiwa wa mauaji hayo nao wamejifunza kusoma vitu vilivyohifadhiwa bila kukusudiwa. Protais Mpiranya, aliyekuwa kamanda wa kikosi cha walinzi wa rais wa Rwanda, alisakwa kwa miaka mingi. Mei 2022 waendesha mashtaka wa Umoja wa Mataifa walitangaza kwamba alikwishafariki Oktoba 2006 na kuzikwa Harare, Zimbabwe, kwa jina la bandia. Miongoni mwa vilivyowafikisha kaburini ni mchoro wa jiwe la kaburi uliochorwa kwa mkono na kukutwa ndani ya kompyuta iliyochukuliwa na wachunguzi. Vipimo vya vinasaba vikamaliza ubishi.

Kwa wakazi wa Dzaleka, habari kama hizi zina makali mawili. Mtu aliyeponea chupuchupu huko Kivu au Bujumbura anaweza kutamani picha ya aliyemfukuza ifike mahakamani. Mtu huyohuyo anaweza kuogopa picha yake mwenyewe, kwa sababu paa la nyumba yake, njia inayopita mlangoni na mlima unaoonekana nyuma vinaweza kusomwa na yeyote mwenye nia, na si kila mwenye nia ni mwandishi wa habari. Mbinu iliyoipata Njewa haibagui anayeitumia. Mgeni anayeingia kambini na kamera akaanza kupiga bila kuuliza huwa anachezea usalama wa watu asiowajua.

Na yapo mambo ambayo kamera haiyaoni kabisa. Juni 2022, mwezi uleule Racism for Sale ilipotoka, ofisi ya Umoja wa Mataifa inayoshughulikia dawa za kulevya na uhalifu, UNODC, ilieleza kwamba pamoja na polisi wa Malawi imevunja mitandao ya usafirishaji haramu wa binadamu iliyokuwa ikiendesha shughuli zake ndani ya Dzaleka. Zaidi ya waathirika 90 walikuwa wametambuliwa na kuokolewa. Wengi walikuwa wanaume wa Ethiopia wenye umri wa miaka 18 hadi 30, na pamoja nao wasichana na wanawake wa miaka 12 hadi 24 kutoka Ethiopia, Burundi na Kongo. Walidanganywa wakiwa kwao, wakavushwa mipaka na kuingizwa kambini, ambako wengine walitumikishwa na wengine kusafirishwa kuelekea nchi nyingine za kusini. Mtaalamu wa UNODC, Maxwell Matewere, alieleza kuwa alishuhudia kitu mfano wa soko la Jumapili ambapo watu walikuja kununua watoto.

Soko la namna hiyo lingepigwa picha kutoka mbali, ingeonekana Jumapili ya kawaida ya kambi: watu wamesimama, watoto wapo, wakubwa wanaongea. Hakuna kivuli wala mlima unaoweza kumwambia mtazamaji kwamba bei imetajwa. Lisemwalo lipo, na kambini lilisemwa, lakini ili liwe ushahidi ilibidi wapatikane polisi waliofundishwa dalili za kumtambua mwathirika, wakalimani wa lugha zake, na mahali salama ambapo mtu wa miaka 14 anaweza kusimulia bila kumwona aliyemleta.

Mahakama zimekuwa zikiweka mizani kati ya viwili hivi, picha na shahidi. Agosti 2017 Mahakama ya Kimataifa ya Uhalifu ilitoa hati ya kumkamata Mahmoud al-Werfalli wa Libya, ikitegemea kwa kiasi kikubwa video zilizowekwa mtandaoni, jambo ambalo halikuwahi kufanyika kabla. Hati haikumfikisha The Hague. Aliuawa Benghazi Machi 2021. Mwishoni mwa 2020, ofisi ya haki za binadamu ya Umoja wa Mataifa na Chuo Kikuu cha California, Berkeley, zilitoa mwongozo wa kukusanya ushahidi wa mtandaoni, unaojulikana kama Itifaki ya Berkeley. Kiini chake kinaeleweka hata kwa asiye mwanasheria: ni lazima ijulikane picha imetoka wapi, imepita mikono ya nani, na kama iko vilevile ilivyopigwa.

Ushindi uliowahusu moja kwa moja watu wa eneo wanakotoka wakazi wengi wa Dzaleka ulipatikana Kivu Kusini, nchini Kongo. Septemba 2018 mahakama ya kijeshi iliwahukumu kifungo cha maisha makamanda wawili wa kundi la waasi la FDLR kwa mashambulizi ya mwaka 2012 dhidi ya vijiji vya Kamananga na Lumenje. Miongoni mwa vielelezo zilikuwa picha za majeraha ya walionusurika na za makaburi ya halaiki, zilizopigwa kwa programu ya simu iitwayo eyeWitness, iliyotengenezwa kwa usimamizi wa chama cha kimataifa cha mawakili. Programu hiyo hunukuu yenyewe saa, mahali na minara ya simu iliyo karibu, hufunga faili kwa alama ya kidijitali inayosaliti badiliko lolote, na hupeleka nakala kwenye hifadhi ambayo mpiga picha mwenyewe hawezi kuigusa. Wakili wa utetezi akisema picha imechezewa, anajibiwa kwa namba. Lakini picha hazikuingia mahakamani peke yake. Ziliambatana na wanakijiji waliosimama kusema jeraha hili ni langu na kaburi hili ni la ndugu yangu.

Simu ya kawaida haina kinga hiyo, na tabia za kila siku huzidisha tatizo. Picha ikitumwa kupitia WhatsApp kama picha ya kawaida, hubanwa, na taarifa za saa na mahali zilizofichwa ndani ya faili huondolewa. Ikipita vikundi vitano haujulikani tena mwanzo wake, na ndipo picha ya ajali ya nchi moja inapozaliwa upya kama mauaji ya nchi nyingine. Kwa hiyo wachunguzi huwasihi wanaoshuhudia uhalifu wafanye mambo machache, mradi hayahatarishi maisha yao: wapige kwanza kwa upana ili jengo, mti au mlima uingie, ndipo wasogelee, wasikate wala kupamba, wahifadhi faili ya kwanza kwenye simu au kadi na kutuma nakala, waandike pembeni siku, mahali na nani aliyekuwepo, wasianike uso wa mtoto au wa aliyebakwa, na wamkabidhi mtu anayewajibika kisheria badala ya kuirusha hewani. Mtuhumiwa anayejiona mtandaoni asubuhi anaweza kuwa ng'ambo ya mpaka jioni, na si kila mpaka una wa kumkamata kama ilivyokuwa Chipata.